Reli Yao Imekuwa Njia ya Baiskeli. Yetu Je?

Wasee, leo siongei polepole. Kuna sentensi moja nimeisikia mara tatu wiki hii na imenikaa kooni kama mfupa wa samaki. Inaenda hivi: "Hiyo ni starehe ya wazungu, wana muda."

Ilianzia kwa kinyozi hapa Kangemi. Nilikuwa nawaonyesha wasee video ya watu Ireland wakiendesha baiskeli juu ya njia ambayo zamani ilikuwa reli. Wazee wenye mvi, mama na mtoto wake kwa kiti cha nyuma, mabinti wawili wanaongea tu bila haraka. Hakuna gari, hakuna honi, na hakuna konda anayening'inia mlangoni akikupigia kelele utoke. Kinyozi akacheka, akasema ile sentensi. Aliyekuwa anangoja kiti akairudia. Jioni nikaifikisha nyumbani, ndugu yangu naye akaitoa vilevile, kama vile wote walifundishwa darasa moja.

Sasa nisikilizeni, kwa sababu hiyo sentensi ni uongo, na ni uongo unaotugharimu miguu na roho.

Nianze na hiyo njia yenyewe. Inaitwa Great Western Greenway, iko Mayo, magharibi kabisa mwa Ireland. Ni kilomita 42 kutoka mji wa Westport hadi Achill. Ukitaka ziara ya kuongozwa, unapewa baiskeli na kofia ngumu, kiongozi anatangulia, mnaenda mwendo wa kupiga stori. Mnapita Newport, ambako daraja la zamani la treni lenye matao saba bado limesimama, mnafika Mulranny, mnakunywa chai mkiangalia bahari. Wenye nguvu wanaendelea hadi Achill. Aliyechoka anarudishwa na gari, yeye na baiskeli yake, na hakuna anayemcheka.

Na kwa nini reli? Hapa ndipo nilipoipenda hii kitu. Treni ya mvuke haiwezi kupanda mlima wa ghafla. Injinia akikuta kilima anakikata, akikuta bonde analijaza tuta, na pale ambapo hawezi anaizungusha njia mbali ili mwinuko uwe wa polepole. Ile kazi yote ngumu, ya jasho na baruti, ilifanywa zaidi ya miaka mia moja iliyopita. Toa vyuma, toa mataruma, lainisha juu. Unabaki na barabara ambayo hata shosho anaipanda bila kuhema. Yaani mkoloni alikulipia mteremko, wewe unamalizia tu.

Mkoloni, ndiyo. Usifikiri Ireland ilikuwa na reli kwa sababu walikuwa matajiri. Walitawaliwa na Uingereza kama sisi, na ile reli ya Achill ilijengwa kwa sababu sehemu hiyo ilikuwa na njaa na serikali ya London ikaona bora watu wapewe kazi ya kuchimba. Hiyo ni miaka ya 1890. Hesabu mwenyewe: mwaka 1896 ndio reli yetu ilianza kujengwa Mombasa. Bosi mmoja, muongo mmoja, vyuma vilevile.

Na hao "wazungu wenye muda" walikuwa kina nani? Watu wa Achill walikuwa watu wa kibarua. Kila mwaka vijana walivuka bahari kwenda Scotland kuvuna viazi vya watu wengine, wakalala kwenye mabanda, wakatuma pesa nyumbani. Kuna mtabiri wao wa zamani, Brian Rua, ambaye inasemekana alitabiri magari ya magurudumu ya chuma yatafika Achill, na kwamba la kwanza na la mwisho yatabeba maiti. Unajua kilichotokea? Juni 1894 mashua iliyojaa vijana wanaoenda kupanda meli ya Scotland ilipinduka, wakafa watu 32. Reli ilikuwa bado haijafunguliwa rasmi, ikabidi treni maalum ilete miili. Halafu Septemba 1937, wakati reli inakaribia kufungwa, vijana 10 wa Achill wakateketea usiku kwenye banda walimolala, mji wa Kirkintilloch huko Scotland. Treni ikawarudisha nyumbani ndani ya majeneza. Wiki chache baadaye reli ikafa.

Sisi tuna Syokimau na Mugo wa Kibiro, ambao wazee wetu wanasema waliliona lile joka la chuma kabla halijafika. Kwa hivyo mtu asiniambie hatuelewani na watu wa Achill. Tunaelewana sana. Nusu ya Kangemi ni watu waliotoka Magharibi kuja kutafuta kibarua. Tofauti ni kwamba wajukuu wa wale wavunaji viazi leo wanaendesha baiskeli kwa raha juu ya reli iliyoleta majeneza ya babu zao. Hawakuzaliwa na muda. Kuna mtu alikaa chini akaamua kwamba hata mtu wa Achill anastahili mahali pa kupumua.

Na haikushuka kutoka mbinguni. Reli ilipofungwa, ardhi iliingia mikononi mwa wakulima. Serikali ya kaunti ya Mayo ililazimika kwenda kwa mwenye shamba mmoja baada ya mwingine kuomba ruhusa, na wakakubali watu wapite. Kipande cha kwanza kilifunguliwa 2010, chote kikawa tayari 2011. Waterford nao wakafungua chao cha kilomita 46 mwaka 2017. Si kila mahali palienda shwari, huko South Kerry wakulima walipinga mpaka mahakamani na mradi ukakwama miaka. Kwa hivyo usiniambie "wale ni watu wastaarabu, sisi hatuwezi." Waligombana vizuri tu.

Sasa turudi nyumbani. Reli ilifika Nairobi 1899, ikafika Kisumu 1901. Wengi wetu tunadhani tangu mwanzo ilipita Kibera. Wapi! Njia ya kwanza ilitoka stesheni, ikapita pale ambapo leo ni Uhuru Highway, ikapanda kuelekea Westlands, ndio baadaye ikahamishiwa upande wa Kibera. Ile nafasi iliyoachwa wazi katikati ya mji ikafanywa barabara kubwa, ikapewa jina la Princess Elizabeth, na baada ya uhuru ikabatizwa upya.

Umeona? Nairobi iligeuza reli kabla Mayo hawajaota kugeuza yao. Tulipata ukanda mzima, tayari umesawazishwa, kutoka katikati ya mji kuelekea huku kwetu. Tukaupa gari. Halafu mwaka 2022 tukapanga gari jingine juu ya gari: Expressway, kilomita 27 kutoka Mlolongo hadi Westlands. Juu kuna tiketi. Mwenye miguu haruhusiwi, mwenye baiskeli haruhusiwi, hata boda na tuktuk ni marufuku. Na inaishia wapi? Pale karibu na James Gichuru. Yaani mlango wa Kangemi kabisa. Wazito wanashuka hapo, wanafunga kioo, wanaendelea Loresho. Sisi tunabaki chini tukihesabu nguzo.

Sisemi barabara ya juu ibomolewe. Sina wazimu. Ninachosema ni kwamba kila mara Nairobi inapopata nafasi ya kuchagua, inamchagua yule ambaye tayari ameketi. Na sisi ni wengi: utafiti wa usafiri wa jiji wa mwaka 2013 ulikuta karibu safari nne kati ya kumi Nairobi ni za miguu tupu. Simama steji ya Kangemi saa kumi na moja na nusu asubuhi utawaona. Watu wa mjengo na mifuko ya makoleo, kina mama wanaoenda kufua nguo Lavington, masoja wanaopishana, wa usiku akirudi na wa mchana akienda. Wanatembea kwa mstari kando ya Waiyaki Way kama siafu.

Mmoja wa hao masoja anakaa ploti yetu. Kwa miaka alikuwa na black mamba yake, ile ya chuma nzito, kengele inafanya kazi kuliko breki. Alikuwa analinda upande wa Parklands. Kwa baiskeli alikuwa anafika kazini bila kulipa hata shilingi, na jioni anapata nusu saa ya kukaa na watoto kabla ya kutoka. Mwaka jana asubuhi moja, akirudi, akafika pale ambapo kile kinjia cha pembeni kinaishia tu ghafla bila kuaga. Unajua hizo sehemu. Tofali, tofali, tofali, halafu mtaro. Akaingia barabarani mita kama ishirini hivi ili akipate tena mbele. Mathree ikamkuta kwenye hizo mita ishirini.

Hakufa, Mungu mkubwa. Mguu ulivunjika mara mbili, miezi mitano nyumbani bila mshahara. Baiskeli iliuzwa kwa wa vyuma kukuu kwa kilo. Sasa anatembea, akichechemea, na anatoka nyumbani mapema zaidi. Ile nusu saa ya watoto imeisha. Nilipomwonyesha ile video ya Ireland hakusema "starehe ya wazungu." Aliiangalia mpaka mwisho, akaniuliza, "Hawa wakifika mwisho wa njia wanaingilia wapi barabarani?" Huyo ndiye mtu pekee aliyeuliza swali la maana wiki nzima.

Kuna rafiki yangu mwanaharakati, tunaheshimiana, ambaye ananiambia: wacha ziara, wacha chai na mandhari, tupiganie kwanza njia ya kwenda kazini. Starehe itakuja baadaye. Nampenda lakini hapo amekosea. Kwanza, njia ni ileile. Mtoto wa Newport anaenda shule kwenye njia hiyohiyo anayopita mtalii. Pili, ukiomba njia ya mfanyakazi peke yake, utapewa kinjia cha mfanyakazi: chembamba, cha kando ya moshi, kinachoishia mtaroni. Omba njia ambayo mtu angetaka kuwa hapo hata siku ambayo hana pa kwenda. Hiyo ndiyo itajengwa vizuri.

Na tatu, nani aliamua starehe si yetu? Kila mmoja wetu hapa alijifunza baiskeli kwa ya kukodi. Mnakumbuka? Jumapili baada ya kanisa, unaenda kwa fundi, unatoa mbao, unapewa ile ndogo isiyo na pedali moja, na fundi anakaa kwenye kopo la rangi akiangalia saa. Unazunguka ploti, unashuka hadi mtoni, unarudi umepauka vumbi, na wenzako watano wanakimbia nyuma wakipiga kelele ya zamu yao. Tayari sisi tuna ziara za kuongozwa, ni vile tu kiongozi wetu anapiga kelele "muda umeisha!" Halafu unafika darasa la saba na unaacha, kwa sababu zaidi ya hapo ni barabara kuu, na mama amekataa. Kwa wengi wetu baiskeli inaishia hapo.

Utaniambia kuna Karura. Ndiyo, na ni pazuri. Wangari Maathai alipigwa akiipigania 1999 ili isigawiwe kama njugu. Lakini piga hesabu ya mtoto wa Kangemi: nauli kwenda na kurudi, kiingilio, halafu baiskeli ya kukodi huko ndani. Hiyo ni unga wa siku ngapi? Msitu wa umma ambao ukiwa na mfuko mtupu unauangalia kupitia waya.

Papa Francis alipokuja hapa Kangemi, Novemba 2015, pale St. Joseph the Worker, alisema wazi kuhusu wajenzi wasio na sura wanaohodhi ardhi mpaka kutaka kunyakua viwanja vya kuchezea vya shule. Tulipiga makofi mpaka mikono ikauma. Mwaka huohuo wa 2015, kaunti ya Nairobi ilikuwa na sera yake ya wanaotembea na wanaoendesha baiskeli. Ndani yake kuna ahadi: asilimia 20 ya bajeti ya usafiri iende huko. Ishirini! Ireland waliahidi asilimia 20 mwaka 2020, euro milioni 360 kila mwaka. Sisi tuliandika miaka mitano kabla yao. Kwa kuandika hatujawahi kushindwa na mtu.

Kwa hivyo ninataka nini? Sitaki mtu ang'oe reli. Treni ya Kisumu ilirudi 2021 na bado tunaihitaji. Ile reli ya zamani inayopita Kibera, Dagoretti, Kikuyu mpaka Limuru ina akiba ya ardhi kando yake, na treni zinazopita kwa siku unaweza kuzihesabu kwa vidole. Njia iwekwe kando ya reli, na ukuta mfupi katikati pale panapohitajika. Mteremko tayari ulishakatwa, na kutoka mjini hadi Limuru ni kupanda mamia ya mita, kwa hivyo si jambo dogo. Kutoka Kangemi unashuka Kawangware, unaifikia Dagoretti hata hujachoka. Watu wa Kibera wanajua hii stori kuliko mimi, kwa sababu wao miaka yote wametembea juu ya reli yenyewe kwenda kazini. Njia ipo, watu washaichora kwa miguu. Kinachokosekana ni usalama na taa.

Na vijana wa mtaa ndio wawe viongozi wa ziara. Tunajua stori. Tungewaonyesha wageni mashamba ya chai ya Limuru, halafu tuwafikishe ukingoni mwa Bonde la Ufa, tuwaeleze vile mwaka 1900 mabehewa yalikuwa yanashushwa kwa kamba upande wa Kijabe kabla njia kamili haijakamilika. Kamba, wasee! Ukimwambia mgeni hiyo akiwa amesimama hapo na upepo unampiga usoni, atakununulia chai mwenyewe.

Lakini hapa naweka kidole mezani. Mkisikia serikali imeipenda hii wazo ghafla, fungueni macho. Mwaka 2024 baada ya mafuriko tuliona Mathare na Mukuru vile "kuokoa mto" kulivyokuja na tingatinga. Njia ya kijani inaweza kuwa jina tamu la kufukuza watu. Mayo walikwenda shamba kwa shamba wakaomba. Nataka wetu waende kibanda kwa kibanda. Mama mboga aliye kando ya reli awe wa kwanza kuulizwa na wa kwanza kupewa nafasi ya kuuzia waendesha baiskeli chai. Kama hilo haliwezekani, afadhali tukae bila. Sitaki starehe iliyojengwa juu ya jikoni ya mtu.

Kaunti ikiitisha kikao cha wananchi kuhusu bajeti, huwa tunawaacha wazee watano na mtu wa kugawa soda. Kikao kijacho mimi naenda na ile sera ya 2015 imechapishwa, ukurasa wa asilimia 20 umepigwa mstari mwekundu, na nitauliza zilienda wapi. Njooni tukae mstari wa mbele. Kina Critical Mass wamekuwa wakijaza barabara za Nairobi kwa baiskeli kila mwezi kwa miaka, na nitawaomba waje nao. Hata kama huna baiskeli, njoo na miguu, ndiyo tunayopigania.

Jirani yangu soja amesema ataomba ruhusa kazini siku hiyo. Anataka kuuliza lile swali lake, la mahali ambapo njia inaingia barabarani.

Na Jumapili kabla ya hapo mtanipata kwa fundi. Nimeshamwambia anitunzie ile ndogo, anitafutie pedali ya pili. Amesema bei imepanda, siku hizi ni chwani.